Nilimficha babangu neno la daktari, sasa amekataa operesheni ya mgongo

Asalaam aleikum, Bi Mshauri.

Mimi ni mwanamke wa miaka 34, mzaliwa wa Likoni, mtoto wa pili kati ya watatu. Nimeolewa, lakini naishi karibu na wazazi wangu na shughuli zao nyingi hunijia mimi. Babangu ana miaka 66. Alikuwa fundi wa kuchomelea. Alianza na mageti na madirisha ya watu, akamalizia kwenye karakana moja huko Shimanzi wakirekebisha matrela ya malori ya bandarini. Mikono yake ina madoa ya cheche mpaka leo.

Mwaka jana feri ilianza kumshinda. Si maji anayoogopa, ni ule mteremko wa kushukia na ule mlima wa kupandia ng'ambo ya pili. Akitembea hatua kama hamsini miguu inawaka moto, kuanzia makalioni mpaka vidoleni. Anasimama, anainamia reli, anatazama meli. Akiinama maumivu yanapoa kidogo, anaendelea. Watu wakimsalimia huwaambia anapunga upepo. Mimi nikisimama naye najua hakuna upepo anaopunga.

Tulimpeleka hospitali, akapigwa picha. Daktari wa mifupa akaeleza kwa Kiingereza, haraka haraka, kwamba pingili ya nne ya kiunoni imeteleza mbele juu ya ya tano na imebana mishipa ya fahamu, na kwamba dawa yake ni fyusheni. Baba akanigeukia: "Asemaje?" Nilijua maana yake, pingili mbili zitafanywa moja na kutiwa skrubu. Lakini nilipomtazama usoni nikaingiwa na woga. Nikamwambia, "Anasema watalegeza mshipa uliobanwa, baba." Akafurahi, akatia sahihi.

Jioni nilimpigia kakangu mkubwa, nikamwambia ukweli wote. Katika kueleza nikatumia maneno haya: "Ni kama wanamchomelea pingili." Juma lililofuata kaka akaja nyumbani, wakakaa barazani, akaropoka: "Mzee, kwani unaogopa nini kuchomelewa mgongo, na wewe mwenyewe ni fundi?" Baba hakujua anazungumzia nini.

Tangu siku hiyo hanisemeshi vizuri. Operesheni ameikataa. Aliniambia mara moja tu, kwa upole ulioniumiza kuliko makelele: "Mimi nimechomelea miaka arobaini. Chuma hakikatiki pale ulipounga, hukatika kando yake. Sasa mwanangu mwenyewe anataka kunifanya trela." Anasema pia hataki kufungwa mgongo akashindwa kurukuu.

Tumebakiwa na wiki tatu. Ami yangu aliye Muscat ameshatuma pesa, na kwenye grupu la mchango tumevuka laki nne. Mamangu anashauri tumwambie daktari amebadilisha mpango, sasa ni kulegeza mshipa tu, kisha akishatoka tiyata, chumba cha upasuaji, atazoea. Kaka anasema mzee ameanza utoto, tumlazimishe. Jambo jingine linalonitia wasiwasi ni kwamba daktari alisema fyusheni, barua ya hospitali imeandika spondilodesisi, na hesabu ya gharama imeandika athrodesisi. Je, ni operesheni tatu? Tunaibiwa? Na je, nifuate maneno ya mama?

Tafadhali usinitaje jina.

Binti wa Fundi, Mombasa

*

Waaleikum salaam, mwanangu.

Barua yako nimeisoma mara mbili, na mara zote mbili nimekwama pale penye reli ya feri. Nadhani kisa chote kiko pale. Mzee ana maumivu ya kweli, ana haya ya kuonekana nayo, na pembeni yake yuko binti anayeyaona yote mawili akanyamaza.

Nianze na lile jepesi, la majina. Hayo matatu uliyoyataja, kwa mgonjwa kama babako, yanasema kitu kimoja. Spondilodesisi imetoka kwenye Kiyunani: spondilosi ni pingili ya mgongo, desisi ni kufunga au kuunga. Athrodesisi ina mkia huohuo, ila kichwa chake ni athroni, yaani kiungo. Kwa hiyo athrodesisi ni kuunga kiungo chochote kisiende tena, kiwe kifundo cha mguu au cha mkono, na spondilodesisi ni jambo hilohilo likifanywa kwenye mgongo. Fyusheni ni jina la mazungumzo la wale waliosomea udaktari kwa Kiingereza, na spondilodesisi utalisikia zaidi kwa waliosomea Ujerumani au Urusi. Karatasi zikipita mikono mitatu, hutoka na majina matatu. Hata hivyo mwombe mhasibu wa hospitali akuonyeshe mstari kwa mstari kinacholipiwa, maana skrubu na vijiti vya chuma huwa na bei yake peke yake. Kuuliza hivyo si kumwita mtu mwizi.

Sasa turudi kwenye neno lako, kuchomelea. Sikulaumu. Kiswahili hakikukupa neno mkononi, nawe ukachukua la nyumbani kwenu. Lakini tazama lilimfikia nani. Mtu mwingine angeona picha tu. Babako alisikia joto la rodi, cheche, na chuma kugeuka maji kisha kuganda. Na operesheni hiyo haina lolote kati ya hayo.

Wanachofanya ni hiki. Daktari hukwangua sehemu za mifupa zitakazokutana, kisha huweka vipande vya mfupa, mara nyingi vya mgonjwa mwenyewe, vilivyotolewa palepale au kwenye nyonga. Skrubu na vijiti hushika pingili zisichezecheze. Halafu kazi yenyewe inafanywa na mwili, polepole, kwa miezi, wakati mwingine mwaka mzima, mpaka mfupa wa juu na wa chini vishikane. Ni jambo lile tunalosema kwa mtoto aliyevunjika mkono: mfupa umeunga. Chuma pale ni gango tu, yaani kishikizo.  Operesheni hii ilipoanza kufanywa kwa utaratibu, New York mwaka 1911, madaktari Russell Hibbs na Fred Albee, kila mmoja kwa njia yake, waliitumia zaidi kwa wagonjwa wa kifua kikuu cha mgongo, na waliunga kwa mfupa mtupu. Albee alichukua kipande cha mfupa wa muundi akakipandikiza mgongoni. Vyuma vya leo vilikuja baadaye.

Na kama mzee ataona ajabu pingili kuwa moja, mwambie apapase chini kabisa ya kiuno chake. Mfupa ule mpana ulio juu ya makalio ulikuwa pingili 5 utotoni, zikaungana zenyewe tulipokuwa tunakua.

Hapo ungeweza kuniambia: basi Bi Mshauri, nikimweleza hivi atakubali. Taratibu kwanza, mwanangu. Naona kwenye barua yako kuna wazo kwamba babako amekataa kwa kutofahamu, na kwamba neno zuri litamwondoa pale alipo. Mimi sina uhakika. Soma tena alichokwambia: chuma hukatika kando ya pale kilipoungwa. Mwanangu, hilo ni swali la kitabibu. Pingili mbili zikishakuwa moja, mzigo wa kuinama na kugeuka huhamia kwa jirani wa juu na wa chini, na kwa baadhi ya wagonjwa jirani huyo huchakaa baada ya miaka, wengine wakarudi tiyata. Madaktari wenyewe wanabishana ni kiasi gani kinatokana na kuunga na kiasi gani ni uzee ambao ungekuja tu. Fundi wako wa Shimanzi amefika kwenye mjadala huo bila kufungua kitabu, nanyi nyumbani mnasema ameanza utoto.

Kuna jingine. Uliposema "watalegeza mshipa", ulikuwa unaficha, ni kweli. Lakini ulichokitaja nacho ni operesheni kamili. Huondolewa kipande cha mfupa na nyama ngumu zinazobana mishipa, basi, bila kuunga. Kwa wagonjwa waliobanwa mishipa na pingili imeteleza kidogo, kama inaonekana kuwa hali ya babako, kama pana haja ya kuunga juu ya kulegeza ni jambo lililowagawa madaktari wakubwa. Mwaka 2016 jarida moja maarufu la tiba la Marekani lilitoa tafiti mbili kwa pamoja. Ule wa Sweden, wa wagonjwa 247, haukuona faida ya kuongeza kuunga. Ule wa Marekani, wa wagonjwa 66, uliona nafuu kidogo kwa walioungwa. Mwaka 2021 Wanorwe nao walikuta kwamba waliolegezwa tu hawakuwa nyuma ya walioungwa. Sikwambii haya ili ukambishie daktari. Yeye ameona picha, mimi sijaziona. Huenda pingili ya babako inacheza sana, na kuilegeza bila kuishika kungeiachia iteleze zaidi. Lakini ni haki yenu kumwuliza: amepigwa eksirei akiwa ameinama, na nyingine akiwa amejinyoosha? Pingili inasogea kiasi gani? Na kwa nini kulegeza peke yake hakutoshi kwake yeye?

Hofu ya rukuu nayo isichekwe. Sehemu kubwa ya kuinama kwetu inatoka kwenye nyonga na pingili nyingine, kwa hiyo walioungwa sehemu moja ya chini wengi huinama tena, ingawa miezi ya mwanzo daktari huwazuia wasiiname wala kubeba. Katika muda huo dini imempa nafasi ya kuswali akiwa amekaa. Hilo nadhani analijua kuliko mimi na wewe. Ninachohisi ni kwamba hazungumzii fiqhi. Mtu aliyesimama safu ya mbele msikitini miaka yote anajiona akivutiwa kiti cha plastiki ukutani, na ni kiti hicho kinachomkaa kooni.

Inawezekana pia anaogopa kupooza na hasemi. Sisi tunaita uti wa mgongo ile mifupa na pia ule ugwe laini ulio ndani yake, kisha kuna ile homa inayoua yenye jina hilohilo. Mtu akisikia uti wa mgongo unaguswa, roho inaruka. Ugwe wenyewe kwa mtu mzima huishia juu zaidi, karibu na pingili ya kwanza au ya pili ya kiunoni. Pale pa nne na tano pana mishipa inayoteremka miguuni. Mishipa hiyo nayo yaweza kuumia, hilo ni hatari ya kweli, pamoja na maambukizi, kuvuja damu, damu kuganda mguuni, na mfupa kukataa kuunga. Mfupa ukikataa, madaktari husema mgonjwa amepata kiungo cha uongo, na skrubu zinaweza kulegea au kukatika. Babako anavuta sigara? Hukusema. Kama anavuta, daktari alijue hilo mapema, maana sigara ni adui mkubwa wa mfupa unaotaka kuunga, na ndiyo maana wapasuaji wengi humtaka mgonjwa aache kabla.

Tuje kwa mama. Namwelewa. Amelala kando ya mtu anayegeuka usiku kucha akiugulia, na ameona njia fupi. Lakini hebu ifuate njia hiyo mpaka mwisho. Mzee anaamka tiyata. Baada ya wiki kadhaa anapigwa picha ya kukagua, na daktari, kwa furaha yake, anaiinua kwenye taa: skrubu nne nyeupe, vijiti viwili. Babako anajua skrubu akiiona. Atakuwa na miezi ya kupona mbele yake, akiwategemea kwa kuoga na kuvaa watu waliomdanganya mara mbili. Pengine angesamehe. Wazee husamehe mengi. Mimi nisingeweza kukuahidi.

Na sahihi aliyotia awali? Hapo nina neno gumu kidogo. Alitia sahihi kwa kitu ambacho hakuambiwa. Naona daktari anapaswa kulijua hilo, na litoke kwako, kabla ya siku yenyewe. Hutafungwa. Huenda daktari naye akajiuliza kwa nini aliyaeleza mambo mazito hivyo kupitia kinywa cha binti. Anapotoka hospitali jioni akasimama kununua mahamri, hasemi Kiingereza. (Hili huniudhi, nisamehe. Ninao jamaa zangu waliopasuliwa bila kujua walichopasuliwa.) Mwombe akae na mzee dakika ishirini, kwa Kiswahili, na kielelezo cha plastiki cha mgongo mezani, wewe ukiwa msikilizaji tu. Akikosa neno, atumie vidole. Akikataa au akikosa muda, mnaweza kutafuta daktari wa pili wa mgongo azitazame picha zilezile. Gharama yake ni ndogo ukilinganisha na laki nne.

Kumlazimisha, kama anavyotaka kaka, sijui kunafanyikaje kwa mtu mwenye akili timamu. Kumwacha kabisa nako kuna hesabu yake. Wapo wanaoishi na tatizo hili miaka mingi kwa mazoezi ya fiziotherapia, dawa za maumivu na kupunguza mwendo, na hali isizidi sana. Wapo ambao dunia yao hupungua mwaka hadi mwaka, leo feri, kesho duka, keshokutwa msikiti. Operesheni nayo husaidia zaidi moto wa miguuni kuliko maumivu ya mgongo wenyewe, hivyo mwulizeni yeye ni kipi kinachomtesa zaidi. Ila kuna mambo ambayo hayangoji uamuzi wa mtu: akishindwa kuzuia mkojo au choo, au mkojo ukigoma kutoka, akifa ganzi sehemu za siri na makalioni, au mguu ukilegea ghafla, ni hospitali saa hiyohiyo, hata kama ni usiku na feri imejaa. Hayo mama na kaka wayajue leo.

Kuhusu mchango, sikia. Pesa za ami na za grupu zilitolewa kwa ajili ya mgonjwa, si kwa ajili ya tarehe. Tarehe ikisogezwa, andikeni ujumbe mfupi kwamba mzee anatafuta ushauri zaidi, na pesa zipo. Wachache watanung'unika. Naogopa ninyi mnaiona ile tarehe kama harusi ambayo kadi zimeshatolewa.

Limebaki lako na babako. Umeniuliza ufuate maneno ya mama au la, na unaona sijakupa ndiyo wala hapana, kwa sababu wewe ndiwe utakayeishi ndani ya nyumba hiyo. Ila najiuliza kama kilichomuuma mzee ni operesheni kweli. Alikugeukia akakuuliza "Asemaje?" Katika chumba kile kizima, aliyemwamini alikuwa wewe. Pengine anachongoja si maelezo ya pingili, ni kusikia ukisema, "Baba, siku ile nilikuficha, niliogopa." Usiongeze "lakini". Najua itakuwia vigumu, sisi watoto wa pwani tumezoea kuomba radhi kwa kupeleka sahani ya biriani.

Ukimaliza hapo, kama atakuwa bado amekaa, mwulize lile la chuma. Mwulize trela linakatika wapi, na fundi hufanya nini ili lisikatike kando. Muache aeleze mpaka amalize, hata akichora chini kwa kijiti. Yaandike maneno yake vilevile alivyoyasema, na siku ya kumwona daktari mpe karatasi hiyo aisome yeye mwenyewe.